Skuta Inayotaka Kusalimiwa

Baba yangu hafungui mfuniko wa tenki la mafuta kama watu wengine. Wengine wanafungua huku wanaongea na simu. Taata, ndivyo tunavyomwita baba kwetu, anazima skuta, anashuka, anavua kofia, anafuta mfuniko kwa kitambaa alichokitenga kwa kazi hiyo tu, anaingiza ufunguo, anauzungusha robo, anasubiri. Anasubiri nini, kwa muda mrefu sikujua. Kisha anamalizia kuzungusha, anauweka mfuniko juu ya kitambaa, upande wa mpira ukitazama juu usiguse mchanga. Bodaboda wanaopanga foleni nyuma yake pale sheli wamemzoea. Mgeni akianza kupiga honi, wenzake humwambia, "Tulia, mzee anasali."

Kwa miaka zaidi ya ishirini alikuwa mpima kahawa wa chama cha ushirika kule Izigo, na nadhani hapo ndipo alipoharibika. Mtu aliyezoea kusubiri mshale wa mzani utulie hawezi tena kufanya kitu haraka.

Skuta tulimnunulia sisi wanawe, magoti yake yalipokataa kuvuka mgongo wa pikipiki. Mimi ndiye mkubwa, na ndiye niliye karibu: naishi Kahororo, nafundisha fizikia sekondari. Wadogo zangu wawili, wanaume, wako Dar es Salaam, na kama ilivyo kwa watu wa mbali, wana maoni mengi.

Sababu ya skuta ilikuwa Alhamisi. Kila Alhamisi Taata anatoka Izigo kwenda Nshambya, Bukoba mjini, kumwona dada yake. Shangazi ni mkubwa kwake. Macho yamekwisha, miguu imekwisha, mdomo bado. Katika watu wote walio hai, yeye peke yake ndiye anayemwita Taata kwa jina lake la utotoni, jina ambalo sisi haturuhusiwi hata kulicheka. Taata anampelekea ndizi mbivu, anakaa kando ya kitanda, wanabishana juu ya mambo ya kabla sijazaliwa, anarudi nyumbani akiwa kijana. Ukimnyang'anya Alhamisi hiyo anabaki na kibanja chake, na migomba haibishi.

Siku ya kumkabidhi skuta nilitoa somo. Mimi nikipewa watu wawili waliokaa kimya natoa somo. Taata alikuwa kwenye kiti, Mama amesimama mlangoni na ungo wa maharage, nikawaonyesha mfuniko, ambao katika skuta ile uko nje, nyuma ya siti, unapigwa mvua na jua. Nikasema: ufunguo usilazimishwe, ukigoma paka oili kidogo kwenye tundu lake. Mpira wa ndani ufutwe, usipakwe samli wala mafuta ya kula. Mafuta yasijazwe mpaka mdomoni. Na juu ya yote, nikasema kwa sauti ya darasani, maji yasiingie kwenye tenki. Maji yakiingia, hakuna skuta.

"Umesikia?" Taata akamuuliza Mama.

"Nimesikia, waitu," Mama akajibu kwa neno letu la heshima, akaendelea kupepeta.

Miezi ya kwanza ilikwenda vizuri. Masika yalipoanza, skuta ikaanza kuzimika njiani. Si mlangoni, si ikiwa baridi; ilitoka nyumbani ikiimba, ikaenda kilomita kadhaa, halafu kabla ya Muhutwe ikakohoa na kunyamaza. Mara ya kwanza Taata aliisukuma mpaka kwa fundi. Fundi akafungua mfuniko kuangalia kama mafuta yapo, yalikuwapo, akapiga stata, ikawaka. Akasema haina ugonjwa. Mara ya pili akabadilisha plagi. Mara ya tatu akafungua kabureta, akaisafisha, akairudisha, na bado akasema haina ugonjwa, safari hii kwa uchungu kidogo. Ilikuwa kama yule mgonjwa anayepona akiiona tu hospitali.

Basi Taata akagundua dawa yake mwenyewe. Ikizimika, anashuka, anavua kofia, anafungua mfuniko, anausikiliza, anaufunga, skuta inawaka. Baada ya kilomita kadhaa inazimika tena, anafanya vilevile. Izigo mpaka Nshambya vituo vitano. Nilipompigia simu kumuuliza tatizo ni nini hasa, aliniambia kwa utulivu kabisa:

"Hakuna tatizo. Inataka kusalimiwa."

"Nani, Taata?"

"Skuta. Ukiipeleka tu bila kusimama inakasirika. Ukishuka ukaisalimia, inakwenda."

Kwetu, kumpita mtu mzima njiani bila kusimama ni tusi. Unasimama, unamsalimia, unauliza ya nyumbani, unauliza mpaka ng'ombe. Kwa hiyo maneno yake yalikuwa na mantiki ya aina fulani. Lakini niliyarudia kwenye kundi letu la familia katika simu, kwa mzaha, na wadogo zangu hawakucheka. Mmoja aliandika kwamba ndivyo inavyoanza. Mwingine akaandika kwamba baba wa rafiki yake alianza kwa kuzungumza na jokofu. Ndani ya siku mbili walikuwa wamekubaliana kwamba mzee akili zinampungua, kwamba haifai kuwa barabarani na malori, na kwamba ufunguo uchukuliwe. Na nani? Na aliye karibu.

Niliudhika, lakini ukweli niuseme: nilikubali. Niliudhika kwa kupewa kazi, sikuudhika kwa niaba ya Taata. Mimi pia niliamini. Hilo bado linaniuma kuliko yote yaliyofuata.

Nilikwenda Izigo siku ya Alhamisi shule zikiwa zimefungwa, asubuhi, kabla hajaondoka. Mama alikuwa jikoni. Taata alikuwa amevaa koti lake la safari, ndizi zimefungwa nyuma kwa mpira. Nikamweleza. Nilijitahidi kusema polepole, jambo ambalo lilimfanya aniangalie kama naumwa.

"Mnataka ufunguo," akasema.

"Ndiyo, Taata."

"Kwa sababu skuta inazimika."

"Kwa sababu unasema inataka kusalimiwa."

Akafikiri. "Mwalimu," akasema, maana ndivyo anavyoniita anapotaka kunitania au kunishinda, "mzigo hauandikwi kabla ya kupimwa. Panda nyuma."

Nikapanda, ndizi kati yetu. Tukashika lami. Aliendesha vizuri, mwendo wa mtu anayesindikiza jeneza, pembeni kabisa, na kila tulipopitwa na basi alinyanyua kidole kimoja kulisalimia. Kabla ya Muhutwe skuta ikakohoa, ikazimika. Nyuma yetu lori la mchanga likapiga honi ndefu, likatupita kwa upepo ulioniondoa kitenge begani. Taata akashuka. Akavua kofia. Kitambaa. Ufunguo. Robo. Akasubiri, na mimi kwa mara ya kwanza nikasubiri naye.

Mfuniko ukavuta pumzi. Fyuuu, sauti ndogo, ya hewa inayoingia mahali iliponyimwa.

Kila mwaka, kidato cha pili, nachukua kopo la maji lenye tundu moja na kuligeuza juu chini. Maji hayatoki. Darasa linashangaa. Natoboa tundu la pili, hewa inaingia, maji yanatoka, nami nazungumza juu ya presha ya hewa mpaka kengele. Nimefanya hivyo kwa miaka kumi na minne. Na hapo barabarani, huku mtu niliyekuja kumtangaza amechanganyikiwa akinishikia kofia, ndipo nilipokumbuka kwamba mfuniko wa tenki nao una tundu la pili, dogo kama la sindano, pembeni mwa tundu la ufunguo. Likiziba, mafuta hayashuki. Ukifungua mfuniko, yanashuka. Mzee alikuwa amesema kweli tupu tangu siku ya kwanza, kwa lugha yake. Nilitamani lori lile lirudi.

Sikupata muda wa kusema neno. Mvua ya Kagera haipigi hodi. Ilimwagika tu, tukageuza tukarudi nyumbani tukiwa tumelowa mpaka ndizi. Taata akaingia ndani kubadilisha nguo. Mimi nikabaki barazani na skuta, nikachomoa pini kwenye kitenge changu na kuchokonoa lile tundu. Nilitarajia matope. Kikatoka kipande cha rangi ya bluu, laini. Nikakinusa. Sabuni ya mche.

Nilipoinua macho, Mama alikuwa kwenye mlango wa jikoni. Hakuwa na ungo wala sufuria, na Mama asiyeshika kitu mkononi ni mtu aliyekamatwa.

"Usiseme kwa sauti," akasema.

Tulikwenda nyuma ya jiko, pale anapofulia. Mche wenyewe ulikuwa juu ya jiwe, kona moja imemegwa kwa ukucha.

"Ulisema maji yasiingie," akaanza. "Mvua ilianza, nikaangalia ule mfuniko wako, nikaona una tundu. Nikaliziba. Pipa letu la maji likitoboka naziba kwa sabuni, linashika. Nilifikiri nimesaidia."

"Sawa, Mama. Hukujua."

"Hapo sikujua." Akatazama migomba. "Alhamisi hiyo akatoka. Saa nne karudi, skuta imemzimikia. Tukala naye mchana. Nikajiuliza ni nini. Wiki iliyofuata nikaitoa ile sabuni, akaenda, akafika, akarudi jioni. Nikairudisha, akarudi saa nne tena. Nikaitoa tena, nikaona. Nikairudisha."

Nilikaa chini kwenye ndoo. Mwanamke aliyeishia darasa la nne alikuwa amefanya jaribio, akabadilisha kitu kimoja tu, akalirudia, akapata jibu. Wanafunzi wangu nawaomba hilo kwa miaka minne na hawalifanyi.

"Kwa nini, Mama?"

"Kaka yangu nilimwona akiondoka hivyohivyo," akasema. "Na ndizi nyuma. Walimrudisha kwenye machela." Alisema kama mtu anayetaja bei ya chumvi. Mjomba alifia kwenye barabara hiyo, nami nilikuwa nimesahau kwamba Mama hakusahau. "Nikimwambia asiende kwa dada yake, nitakuwa mke wa namna gani? Nikaona heri skuta ikatae yenyewe."

"Lakini haikatai sasa. Anaifungua, anaendelea."

"Angalau anasimama njiani. Anayesimama hakimbii."

Hapo hasira yangu ikapata mlango. Nikamwambia kuhusu lori la mchanga. Nikamwambia skuta haichagui pa kuzimika, kwamba siku moja itazimika kwenye kona, na nyuma yake kitu kizito, na hiyo sabuni ndiyo itakayomleta kwa machela. Nikamwambia pia kwamba wanawe wanaamini amerukwa na akili, na kwamba nimekuja kumnyang'anya ufunguo, na yeye Mama alikuwa anajua siku zote kwamba mzee ni mzima.

Hilo la mwisho ndilo lililompiga. Alikaa kwenye jiwe, juu ya mche wa sabuni, na hakuinuka.

"Sitaweka tena," akasema. "Ila usimwambie. Nakuomba, mwanangu. Nitaficha wapi uso wangu?"

Nikaahidi. Nilimkasirikia, na wakati huohuo nilitaka kumkumbatia. Kwa kuwa sisi si watu wa kukumbatiana, nilimfulia nguo zilizobaki.

Kesho yake, Ijumaa, kulikucha kukavu, na Taata akasema deni la Alhamisi linalipwa. Nikapanda tena nyuma. Skuta haikukohoa. Tukaipita sehemu ya jana, tukaikaribia Muhutwe, naye akapunguza mwendo, akasimama pembeni, akazima.

"Haijazimika, Taata."

"Nimesikia."

Akashuka. Kofia. Kitambaa. Ufunguo. Robo. Akainamisha sikio. Mfuniko haukuvuta pumzi. Akaufunga, akapitisha kidole gumba kwenye lile tundu, polepole, akaniangalia.

"Nani ametoa sabuni ya mama yako?"

Nilijaribu kuonyesha uso wa mtu asiyejua. Sina uso huo.

"Ulijua," nikasema.

"Tangu fundi aliposhindwa mara ya tatu. Uliniambia ufunguo ukigoma nipake oili. Nilipopaka nikaona bluu. Nyumbani kwangu nani mwingine anashika sabuni ya bluu?"

"Basi kwa nini hukuitoa?"

Akanitazama kwa huruma, kama darasa linavyonitazama nikikosea hesabu ubaoni. "Mama yako amekaa nami miaka arobaini na sita, hajaniambia usiende. Safari hii amesema kwa sabuni. Niitoe, nimjibu nini? Anataka nisimame njiani. Nasimama."

Akafungua kiboksi chini ya usukani, akatoa kikaratasi kilichokunjwa mara nne. Ndani kulikuwa na kipande cha sabuni ya bluu. Kuna siku, akanieleza, jua lilikausha ile ya Mama ikadondoka njiani. Akarudi nyumbani akaazima kipande kwenye mche, akaziba mwenyewe, Mama asije akakuta tundu tupu akadhani amegunduliwa. Tangu hapo anatembea na akiba.

Nilikaa kwenye majani ya pembeni ya barabara. Nilicheka mpaka nikajisikia vibaya, kisha nikajisikia vibaya bila kucheka.

"Wanao wanasema umechanganyikiwa, Taata. Ungetwambia tu."

"Ningesema mama yenu ananiharibia skuta? Heri waseme mimi ndiye nimeharibika. Mimi ni mzee, watasadiki haraka."

Kwa hiyo nilimpa na yeye habari ya lori, maana mwenyewe hakuligeukia. Alikuwa anashughulika na kofia. Nilimwambia aliyokwisha kuambiwa Mama, bila kumtaja Mama: kwamba kuzimika si kusimama, kwamba anayesimama anachagua pa kusimama. Alisikiliza mpaka mwisho. Akasubiri mshale utulie.

"Hilo sikulipima," akasema.

Akamega sabuni kidogo, akaisugua kwenye tundu mpaka ikajaa, akalainisha kwa gumba kama Mama anavyofanya. Kisha akaniomba pini. Akaichomeka katikati ya sabuni, akaizungusha, akaichomoa. Akapuliza. Palibaki duara la bluu lenye kitundu katikati, ambalo lazima uiname ndipo ulione.

"Sasa inapumua," akasema, "na ya mama yako ipo."

"Na kusimama?"

"Kusimama nitasimama. Nimeshazoea, na kuna watu wananisubiri." Ni kweli. Huko mbele, kwenye vituo vyake vingine vinne, walikuwapo watu: mama wa nyanya, fundi cherehani, mlinzi wa shule, mzee mmoja aliyekuwa na mguu mbovu. Wote walijua ndizi ni za nani, wote waliuliza hali ya shangazi. Sikuwahi kufika Nshambya kwa kuchelewa hivyo, na shangazi alilalamika kwamba jana hatukuja na kwamba, kwa saa za Taata, leo tumewahi, kisha akamwita kwa lile jina, na Taata akaketi.

Niliporudi Kahororo niliwaandikia wadogo zangu kwamba tatizo lilikuwa tundu la hewa limeziba, limezibuliwa, na mzee ana akili kuliko sisi watatu tukichangishana. Waliuliza liliziba kwa nini. Nikajibu, masika. Mwalimu wa sayansi hapaswi kuandika hivyo, lakini nimeandika.

Mama alinipigia Jumatano, siku anayoosha skuta. Alinong'ona, ingawa Taata alikuwa kibanjani.

"Ile sabuni imerudi."

"Eeh."

"Sikuiweka mimi. Nimekuapia. Ina tundu. Katikati, la pini."

Siri ya Mama nilikuwa nimeahidi kuitunza, ya Taata haikuwa yangu kuitoa, na zote mbili zilikuwa zimenibana. Nilimsikia akivuta pumzi, na kuku wakilia nyuma yake.

"Kumbe alijua," akasema.

Akalia kidogo kwenye simu, kilio cha mtu aliyezoea kulia akiwa na kazi mkononi, kisha akauliza kama mpira wa ndani unafutwa kwa kitambaa kikavu au chenye maji. Kikavu, Mama. Akakata.

Kesho yake nilikuwa Izigo tena, nimeleta mpira mpya wa mfuniko. Ule wa zamani ulikuwa umeanza kuchanika. Nilikuwa nauvika wakati Taata alipotoka na koti lake. Mama alikuja na ndizi, akazifunga nyuma yeye mwenyewe, akavuta mpira mara mbili kuujaribu. Hakuwahi kuzifunga, siku zote wakati wa kuondoka alikuwa akitafuta kazi jikoni. Akafuta mfuniko kwa kona ya kanga yake, akilizunguka lile duara la bluu bila kuligusa.

Taata alikuwa ameshawasha. Mama akamwinamia sikioni ili asishindwe na injini.

"Ukifika Muhutwe," akasema, "isalimie."

Taata alitazama mbele, mikono kwenye usukani, kwa muda mrefu kuliko skuta inavyohitaji kupasha moto. Kisha akazima, akashuka, akavua kofia.

"Nitaisalimia, waitu," akasema. Akaivaa tena kofia yake, akaondoka.